Fair au Cooper? Kitabu cha mpira na kitabu cha karafuu, hela ipo ya kimoja tu

Mpwa wangu yuko chuo mwaka wa pili, juzi kanitumia meseji saa tano usiku: "Mjomba shikamoo, nina hela ya kitabu kimoja tu, nichukue cha mpira au cha karafuu?" Nikamjibu kwa voisi ya dakika kumi na moja, asubuhi nikaona kasikiliza dakika mbili akaishia hapo. Basi naandika, labda na wengine wenye swali kama lake watafaidika, maana hivi vitabu viwili kila anayetaka kusoma historia ya watu wa kawaida Zanzibar lazima atakutana navyo, na vyote bei yake si ya kukurupukia.

Cha mpira ni cha Laura Fair, Pastimes and Politics, kimetoka 2001, kinazungumzia mji wa Zanzibar kuanzia 1890 mpaka 1945. Cha karafuu ni cha Frederick Cooper, From Slaves to Squatters, cha 1980, kinaanza 1890 hiyo hiyo ila kinaishia 1925, na kinaunganisha Unguja na Pemba na pwani ya Kenya. Vyote vimeandikwa Kiingereza, vyote vinapita kurasa 300, na wote wawili ni Wamarekani, hilo tulimeze tu tuendelee.

Nianze na onyo maana nimeona watu wakinunua kwa matumaini mabaya. Kitabu cha Fair sio kitabu cha mpira. Mpira ni sura moja tu mle ndani. Sura nyengine ni mavazi, nyengine kodi ya viwanja vya Ng'ambo, ile mitaa ya watu wa kawaida nje ya Mji Mkongwe, nyengine mwimbaji Siti binti Saad na taarab. Kama unatafuta nani alichukua kombe mwaka gani, nani alifunga, ligi ilikuwa na timu ngapi, hutapata kitu, utakasirika bure. Anachotaka kujua yeye ni kitu kingine: watu ambao juzi tu walikuwa watumwa, au wazee wao walikuwa watumwa, walipohamia mjini walijitengenezaje wakawa Wazanzibari. Na anaangalia kwenye vitu ambavyo mwanahistoria wa zamani angeviona vya kipuuzi, nguo, nyimbo, mpira.

Kwa mfano mavazi. Zamani mtumwa mwanamme alivaa winda, yaani kitambaa cha kufunga kiunoni, mwanamke kaniki, ile nguo nyeusi ya bei ndogo, na kichwa wazi na miguu mitupu, ndiyo ilikuwa alama yake, ukimuona tu njiani unajua. Utumwa ulipofutwa kwa sheria 1897 kitu cha kwanza watu wengi walichofanya wakishika pesa ni kununua nguo. Kanzu, kofia, kanga, baadae buibui. Fair anakaa na hilo jambo kurasa nyingi na wala huchoki, kwa sababu unaanza kumuona bibi yako. Mimi bibi yangu mzaa baba alikuwa na sanduku la kanga ambazo havai, zimekunjwa na zimetiwa udi, na ukimuuliza bibi hizi za nini anakwambia "ziwepo". Nilikuwa naona ni ubahili wa kizee tu. Nilipomaliza ile sura nikakaa kimya kidogo.

Kwenye mpira anaanza mbali, wanafunzi wa skuli ya wamishonari ya Kiungani na makarani wa Kiingereza wa ile kampuni ya simu za nyaya za baharini, halafu mchezo unatoka mikononi mwao unaingia mitaani. Waingereza walidhani mpira utawafundisha vijana nidhamu na kutii refa. Vijana wakauchukua, wakaunda timu zao za mtaa, wakaweka viongozi wao, na timu ikawa kitu zaidi ya timu, ikawa pahala pa kukaa jioni, kusaidiana harusi na misiba, kubishana siasa. Hii mtu yeyote aliyekaa baraza ya timu anaijua bila kuambiwa na kitabu. Ila raha yake ni kuona kwamba ilikuwa hivyo hivyo kabla babu zetu hawajaota ndevu, na kwamba kiwanja cha Mnazi Mmoja, ambacho leo tunapita na daladala bila kukitazama, kilikuwa katikati kweli kweli, Mji Mkongwe huku, Ng'ambo kule, na wote wanakutana pale.

Kizuri kingine, Fair alikaa na wazee akawahoji. Kwa hiyo kitabu kina sauti. Kuna mahali unasoma unahisi kabisa huyu ni mzee wa Kizanzibari anazungumza, Kiingereza kimemkaa kama koti la kuazima lakini mwendo ni wake.

Sasa Cooper.

Cooper ni mgumu, nisikufiche. Mwanzoni anakuzungusha sana na fikra za Waingereza juu ya utumwa na kazi, walivyofanya kule West Indies, visiwa vya Karibi, kabla ya kuja huku, na kama hujazoea vitabu vya namna hiyo unaweza ukakiweka chini ukurasa wa 30 usikirudie tena. Tanbihi nyingi, majedwali ya mazao, nadharia. Mimi mara ya kwanza nilishindwa. Mara ya pili nikafanya ujanja, nikaruka utangulizi nikaenda moja kwa moja kwenye sura za Zanzibar na mashamba ya karafuu, halafu nikarudi mwanzo. Nakushauri ufanye vivyo hivyo.

Ukishaingia huko ndani ndio unakuta mali. Hoja yake ni hii, nitaisema kwa lugha ya barazani. Serikali ya Kiingereza ilipofuta utumwa 1897 haikusema watu wote huru kuanzia kesho. Mtumwa ilibidi aende mwenyewe mahakamani aombe uhuru wake, na bwana wake alipwe fidia. Kwa nini? Kwa sababu serikali ilikuwa inaishi kwa karafuu, na iliogopa watu wakiondoka mashambani karafuu zitaozea mtini. Walichotaka ni mtumwa wa jana awe kibarua wa leo, aamke asubuhi, apalilie, achume, alipwe, kesho tena. Na hicho ndicho ambacho hawakukipata. Watu walibaki shamba kweli, wengi, lakini walibaki kwa masharti yao: nipe kipande nijenge, nipande muhogo wangu, nitakupalilia karafuu zako kiasi, msimu ukija nitachuma kwa malipo, lakini usinifanye mtumwa wako wa kila siku. Ndio hao maskwota wa kwenye jina la kitabu. Palizi ikakosa watu mpaka wakawa wanatafutwa vibarua wa Kinyamwezi kutoka bara, na msimu wa kuchuma wakawa wanategemewa Wahadimu wa kusini Unguja, ambao nao walikuwa wanakuja wakitaka, na kuondoka wakitaka.

Kwa anayejua karafuu hapa moyo unaruka. Mama yangu katoka Mtambwe, Pemba, na likizo za utotoni tulikuwa tunapelekwa huko msimu wa uchumaji. Mchana watu wako juu ya miti, matawi yamefungwa kamba, mapakacha yanashuka. Jioni ndio kazi yetu sisi watoto na wanawake, tunakaa kwenye jamvi kwa taa ya chemli, tunachambua, karafuu huku makonyo kule, unashika kichala unakikandamiza kwenye kiganja, zinaachia, unatupa konyo. Baada ya nusu saa kidole gumba kinawaka moto, mikono inakuwa ya rangi ya kahawia na harufu haitoki wiki nzima, ukila wali unakula na karafuu. Halafu inapimwa kwa pishi, kile kipimo cha kujaza, na kwenye kupima hapo ndipo kwenye maneno. Mwenye shamba anataka pishi ijae na kichuguu juu, mchumaji anataka ipigwe mti, isawazishwe juu. Nimeshuhudia watu wazima, majirani wa miaka yote, wakitoleana maneno ambayo siwezi kuyaandika, kwa ajili ya kichuguu cha pishi. Nilipomsoma Cooper nikaelewa kwamba ule ugomvi umeanza zamani sana, ni ugomvi wa nani ana amri juu ya kazi ya mwenzake.

Na ana faida nyengine ambayo Fair hana, Pemba ipo. Kimbunga cha 1872 kiliangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja, Pemba ikaponea, na tangu hapo Pemba ndio ikawa kisiwa cha karafuu hasa. Ukisoma Fair peke yake unaweza ukadhani Zanzibar ni Ng'ambo na Mji Mkongwe basi. Mpemba akimaliza kile kitabu anauliza sisi tuko wapi humu, na ana haki. Cooper pia anakupa Malindi na Mombasa, na ile tofauti inafundisha: mashamba makubwa ya nafaka ya Malindi yalikufa utumwa ulipoondoka, ya karafuu huku yakaendelea kujikongoja. Karafuu ni mti, umeshapandwa, unakusubiri mwaka hadi mwaka. Mtama usipolimwa mwaka huu haupo. Kitu kidogo hivyo lakini kimefanya pwani mbili ziende njia mbili.

Haya, sasa kipi?

Swali la mpwa wangu lilikuwa anataka kuandika kuhusu timu za mitaa, kwa hiyo ungetegemea nimwambie Fair, na kweli nimemwambia Fair. Ila sababu yangu sio sura ya mpira. Sababu ni kwamba Fair anasomeka, na mtu akikimaliza atajiuliza mwenyewe, hawa watu wa Ng'ambo walitoka wapi, na huo muda wa kucheza mpira jioni waliupata wapi? Hapo ndipo atamtaka Cooper bila kulazimishwa. Maana ukivisoma vyote unaona ni stori moja imekatwa vipande viwili. Kule shamba ugomvi ulikuwa wa muda: siku yangu ni ya nani, yangu au yako? Waliokataa kuiuza siku yao nzima, wengine walibaki na muhogo wao chini ya mikarafuu, wengine wakakata kamba wakaja mjini, bandarini, kwenye uchukuzi, kwenye biashara ndogo ndogo. Na ile jioni waliyoipigania wakaitumia Mnazi Mmoja, au kwenye taarab, au kwenye ngoma. Hii hakuna hata mmoja kati yao anayeisema kwa maneno haya, ni mimi nimeiunga, ukiona nimekosea nirekebishe.

Hata ule mgomo wa kodi wa Ng'ambo wa 1928, ambao Fair ameuandika vizuri mno, unaeleweka zaidi ukiwa umeshasoma Cooper. Watu walikuwa wamezoea kwamba ardhi unakaa, unajenga kibanda chako, mwenye ardhi ni kama mkubwa wako unamheshimu na yeye anakuhifadhi, viwanja vingi vilikuwa vya wakfu. Ghafla ardhi ikawa biashara, kodi inapanda, unaambiwa lipa au vunja nyumba. Wakagoma. Ukiwa umemsoma Cooper unasema aah, hawa ni wale wale wa shamba, wamehamia mjini na msimamo wao ule ule.

Lakini kama wewe umetoka kwenye karafuu, mzee wako alikuwa na shamba au alikuwa mchumaji, au uko Pemba, au unasomea kilimo au uchumi, anza na Cooper na usinisikilize mimi. Vumilia zile kurasa za mwanzo au ziruke. Na kama ni mwalimu unataka kitu cha kuwasomea wanafunzi kidogo kidogo, Fair, bila mjadala, sura ya mavazi peke yake ni somo la wiki mbili na wanafunzi wataenda nyumbani kuuliza bibi zao.

Kama tatizo ni Kiingereza kuna njia mbili, zote nusu nusu. Fair mwenyewe ana kitabu cha Kiswahili cha 2013, Historia ya Jamii ya Zanzibar na Nyimbo za Siti binti Saad, humo utapata Ng'ambo na Siti ila ukitaka mpira ujue umekuja kwa nyimbo. Njia ya pili ni kurudi nyuma kabisa kwa Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, Desturi za Wasuaheli, kilichapwa Ujerumani 1903. Huyu ni mwenyeji, anaandika Kiswahili chake cha pwani, ngoma zinavyochezwa na nani anacheza, michezo ya watoto, watumwa wajinga, yaani wageni walioletwa karibuni, na wazalia, waliozaliwa pwani, na tofauti zao. Haelezi kwa nini, anakwambia tu ndivyo ilivyo, kama mzee anavyosimulia. Na anaandika kama muungwana, mtumwa anamtazama kutoka juu, ukisoma utaona, usijifanye huoni. Mwenyewe maisha yake yana mkasa wake, alikwenda Berlin kufundisha Kiswahili, akaoa Mjerumani, 1905 akarudi na mkewe na serikali ya kikoloni ikakataa wasishuke pamoja Dar es Salaam, akarudi zake Ulaya. Lakini hicho hakiwezi kuwa badala ya hivi viwili. Ni cha kusoma pembeni, na ni Bagamoyo, Unguja mbali.

Mtu ataniambia na Abdul Sheriff je? Slaves, Spices and Ivory in Zanzibar, 1987, Mzanzibari mwenzetu. Ndio, ni kitabu kizito na ndiye anayekueleza karafuu zilifikaje hapa na zilivyopandwa kwa pupa miaka ya 1830 mpaka bei ikaanguka yenyewe kwa wingi wake. Lakini kinaishia 1873, na ni habari za wafanyabiashara, sultani, pembe, mtaji. Mchumaji na mchezaji mpira hawamo kama watu wenye sura. Kwa hiyo kwa swali hili la leo nakiacha.

Malalamiko yangu sasa, maana vyote viwili vina shimo. La kwanza, mchezo wa ng'ombe wa Pemba. Mahali pekee ambapo mchezo na shamba vinakutana kiwanja kimoja, dume limefungwa kamba ndefu, zumari linalia, wanawake wanaimba, kijana anaingia na kipande cha nguo anamchokoza na kumkwepa, watu wako juu ya miembe, na ng'ombe hauawi, anarudi bandani kwake. Hakuna kati yao aliyekaa nao. Fair yuko mjini Unguja, Cooper anahesabu karafuu. Nimekwenda Kengeja nikiwa na miaka tisa au kumi, nilipanda mti sikushuka mpaka magharibi, na mpaka leo nasubiri mtu aandike kitabu cha ule mchezo cha unene unaostahili.

La pili, vyote vinakuacha njiani. Cooper 1925, Fair 1945. Mapinduzi ya 1964 na eka tatu, yale mashamba serikali iliyowagawia watu baadae, havimo. Na sisi wengi stori ya shamba kwetu inaanza na eka tatu, mzee alipewa baada ya 1964, kabla ya hapo kimya. Ukinunua chochote kati ya hivi ukitegemea kuikuta ile hati ya babu yako utarudi mikono mitupu, ila utajua babu wa babu yako alikuwa anabishana na nani.

Na jambo la kununua: ukipata cha mkononi cha zamani chukua, lakini kihesabu kurasa palepale. Mimi Fair wangu wa kwanza ilikuwa fotokopi, nilinunua kwa muuzaji mmoja mjini, imefungwa vizuri na plastiki mbele na nyuma, nikafika nyumbani kwa furaha nikafungua sura ya mpira, inaanza vizuri, halafu inaruka kutoka timu za mitaa mpaka katikati ya hitimisho. Karatasi kama ishirini hazimo. Nilirudi kesho yake akaniambia "mbona wenzio hawajalalamika". Nikanunua chengine, kizima, kwa bei ambayo mke wangu haijui mpaka leo na naomba ibaki hivyo.

Mpwa wangu nimemtumia haya yote. Kajibu: "Sawa mjomba, basi naomba uniazime cha Fair." Kitabu changu cha Sheriff nilikiazimisha mwaka juzi kwa mtu ambaye tunasali msikiti mmoja, na sasa hivi tukitoka kila mmoja anapita mlango wake. Fair anunue.